Waloki akivunja mkataba: Player's Handbook ya Dungeons & Dragons imeacha pengo

Katika Dungeons & Dragons toleo la 5, mchezo wa mezani wa kuigiza wahusika kwa dadu, fani (aina ya mhusika) yenye wazo tamu kuliko zote ni ya waloki (warlock). Nguvu zake hakuzaliwa nazo wala hakuzisomea. Amekopeshwa na kiumbe mkubwa wa ulimwengu mwingine, na kuna kitu ameahidi kulipa. Kasoro ya Player's Handbook (kitabu cha kanuni za mchezaji), ile ya 2014 na hata iliyofanyiwa marekebisho mwaka 2024, ni kwamba inamuuzia mchezaji mkataba usio na kifungu cha kuuvunja. Unaelezwa kwa kina utakachopata, lakini ukigoma kulipa kitabu kinanyamaza. Tathmini hii inashughulika na jambo hilo moja: kitabu kinasema nini mkataba ukivunjwa, pengo liko wapi, na meza yenu, yaani kundi lenu la wachezaji, ilizibe vipi bila kumharibia mtu mchezo.

Kwanza mazuri yake. Waloki wa 2014 anachagua mfadhili tangu ngazi ya 1, kati ya Archfey (mtawala wa viumbe wa kichawi), Fiend (shetani) na Great Old One (kiumbe wa kale asiyeeleweka). Ngazi ya 3 anapewa zawadi ya mkataba, iwe Upanga, Kitabu au Mnyororo. Nafasi zake za uchawi, yaani mara anazoweza kurusha uchawi kabla ya kupumzika, ni chache: moja mwanzoni, mbili kuanzia ngazi ya 2, tatu ngazi ya 11 na nne ngazi ya 17. Ila zote zinarudi baada ya pumziko fupi la saa moja, wakati wachawi wengine karibu kila kitu chao kinasubiri usingizi wa saa nane. Juu ya hapo kuna vipawa vya kudumu, viwili kwenye ngazi ya 2 hadi vinane kwenye ngazi ya 18. Hesabu hiyo imesukwa vizuri na haijachuja.

Sasa mkataba wenyewe. Maelezo ya 2014 yanasema uhusiano wa waloki na mfadhili mara nyingi unafanana na wa fundi na mwanagenzi wake: anajifunza, anakua, na analipa kwa huduma za hapa na pale. Kisha mchezaji anaambiwa akubaliane na mwendesha mchezo (anayesimulia hadithi na kusimamia kanuni) mkataba utakuwa na uzito gani kwenye hadithi. Basi, yameishia hapo. Hakuna sentensi inayosema nguvu zinaondoka, wala inayosema zinabaki. Msomaji aliyekulia kwenye simulizi za masharti ya mganga, ambamo anayevunja mwiko hupatwa na wazimu au mali yake ikapukutika, atafungua ukurasa wa mbele akitafuta adhabu na asiione.

Kinachokera zaidi ni kwamba waandishi walijua kuliandika jambo hili. Katika kitabu hichohicho, paladini, shujaa aliyefungwa na kiapo, ana kisanduku kizima kuhusu kuvunja kiapo. Aliyeteleza anatafuta msamaha kwa kasisi wa imani yake au kwa paladini mwenzake, anakesha usiku kucha akiomba, anafunga au anajinyima kwa namna nyingine, na baada ya kuungama anaanza upya. Aliyevunja kwa makusudi na asijute anaweza kulazimishwa kuacha fani, au kuhamia tawi (mkondo ndani ya fani) la Oathbreaker lililo kwenye Dungeon Master's Guide, kitabu cha mwendesha mchezo, ya 2014. Masharti ya kuingia huko yameandikwa waziwazi: awe mwovu, na awe amefika angalau ngazi ya 3. Anachopata nacho kimeandikwa: anatawala wafu-hai, na kuanzia ngazi ya 7 mashetani na wafu-hai walio karibu naye wanapiga kwa nguvu zaidi, yeye mwenyewe akiwemo. Yaani anayevunja kiapo ana njia ya kurudi na ana njia ya kuendelea mbele akiwa ameanguka. Waloki hana hata mojawapo, na hili ndilo kosa kubwa la kitabu kwenye fani hii.

Meza nyingi huziba pengo kwa kukopa dawa ya zamani. Kwenye toleo la 3.5 la mwaka 2003, paladini aliyeanguka alipoteza matamko yake yote ya uchawi na uwezo wote wa fani, akabakiwa na ujuzi wa silaha, deraya na ngao tu, na hakuweza kupanda ngazi nyingine ya upaladini. Njia ya kurudi ilikuwa tamko la Atonement: la daraja la 5 (daraja ni kiwango cha nguvu ya tamko), linalochukua saa 1, linalohitaji tasbihi ya vipande 500 vya dhahabu, na kama kosa lilikuwa la makusudi, kasisi anayelifanya analipa pointi 500 za uzoefu kutoka mfukoni mwake. Ilikuwa adhabu kali, lakini ilibebeka, kwa sababu paladini aliyevuliwa kila kitu bado ni mtu mwenye deraya zito, uhai mwingi na upanga mkononi. Anapigana vibaya kidogo kuliko askari wa kawaida.

Ukimfanyia hivyo waloki umemmaliza. Chukua wa ngazi ya 5 mwenye Charisma 18 (mvuto wa nafsi, sifa inayoendesha uchawi wake). Akiwa na kipawa cha Agonizing Blast, mwale wake wa Eldritch Blast unatoka mara mbili kwa zamu, kila mmoja dadu ya pande 10 kuongeza 4. Ikipiga yote, wastani ni pigo la 19. Mvue mkataba na umwachie upinde-mtambo mwepesi alioanza nao: mshale mmoja kwa zamu, dadu ya pande 8 kuongeza 2 kama Dexterity (wepesi) yake ni 14, wastani 6.5. Ameshuka hadi theluthi moja, hana nafasi hata moja ya uchawi, na kifuani ana deraya la ngozi. Mzigo wake unawaangukia wenzake watatu ambao hawakuvunja chochote, kwa sababu mapambano yamepangwa kwa kundi la watu wanne. Mchezaji naye anakaa jioni nzima akitupa dadu moja. Wengi huacha mhusika huyo ndani ya vikao viwili vitatu, na hadithi ya deni, ambayo ndiyo ilikuwa utamu wenyewe, inakufa naye.

Kwa hiyo kunyang'anya kila kitu hakufai. Habari njema ni kwamba ukisoma maandishi ya 2014 kwa makini, yanakupa jibu bora bila kulitaja. Sehemu ya uchawi wa mkataba inasema uwezo wa waloki umetokana na vitu viwili: utafiti wake mwenyewe, na uchawi aliopewa na mfadhili. Nusu ni jasho lake. Maelezo ya fani yanaongeza kwamba baadhi ya zawadi, kama kuona gizani au kusoma lugha yoyote, ni mabadiliko ya kudumu katika mwili wake. Lakini ukifika ngazi ya 11, yale matamko makubwa ya daraja la 6 kwenda juu yanaelezwa kuwa siri ambayo mfadhili anakutunukia, moja kwa ngazi ya 11, kisha 13, 15 na 17. Ukiunganisha hayo unapata kanuni iliyo safi na inayofuata maandishi: kilichokwisha kutolewa hakirudishwi, ambacho hakijatolewa hakitatolewa. Waloki mwasi anabaki na nafasi zake, Eldritch Blast yake na vipawa vyake. Kinachofungwa ni mlango wa mbele.

Zawadi za ngazi ya 3 nazo zina ndoano zake, na mwendesha mchezo makini atazitumia. Waloki wa Kitabu akipoteza kitabu chake anafanya ibada ya saa 1 ili apokee kingine kutoka kwa mfadhili. Maneno hayo ya mwisho yana uzito. Akivunja mkataba, kitabu alicho nacho ni chake, lakini siku kikiungua motoni au kikiibwa sokoni, ibada inafanyika na mkono unabaki mtupu. Ghafla adui hahitaji kumuua. Anahitaji kiberiti tu. Waloki wa Mnyororo yuko pabaya zaidi. Moja ya maumbo ya mfuasi wake ni yule shetani mdogo aitwaye imp, na Monster Manual (kitabu cha viumbe) ya 2014 ina kanuni ya hiari ambayo kwayo mtu aliyefungamana na imp anahisi kile imp anachohisi wakiwa ndani ya maili 1, na bwana huyo akivunja masharti ya mkataba wao, imp anaweza kukatisha utumishi. Mfadhili hahitaji radi. Anamwita imp arudi nyumbani, akiwa na kila alichokiona na kusikia.

Toleo la 2024 limebadilisha picha, na si kwa upande mzuri tu. Sasa ngazi ya 1 mkataba ni na sauti ya kivulini ambayo hujui ni ya nani. Mfadhili mwenyewe anajulikana ngazi ya 3, unapochagua tawi. Zawadi za mkataba zimegeuzwa kuwa vipawa unavyoweza kuchukua tangu ngazi ya 1, hata zaidi ya kimoja. Kwa uchezaji ni hatua nzuri, kwa sababu fani imekuwa pana na rahisi kuanza nayo. Kwa mkataba imekuwa hasara: kile Kitabu sasa waloki anakisuka mwenyewe kutoka kwenye nyuzi za kivuli mwisho wa pumziko, na mfadhili hatajwi. Ndoano imekatwa. Paladini wa 2024 bado ana kisanduku chake cha kuvunja kiapo. Waloki bado hana.

Kilichoongezwa cha maana ni uwezo wa ngazi ya 9 wa kumwita mfadhili. Mara moja kwa kila pumziko refu, waloki anafanya tamko la Contact Other Plane bure ili kuzungumza naye, na mtupo wa kujinusuru (dadu ya kukwepa madhara) unahesabiwa umefaulu. Kwa kawaida tamko hilo ni la hatari: ukishindwa mtupo wa Intelligence wenye lengo la 15, akili inapigwa dadu sita za pande 6, wastani 21, na unabaki hujiwezi mpaka pumziko refu. Hapa kuna adhabu nzuri kuliko zote zinazoweza kutengenezwa na kitabu cha 2024, nayo ni ya sentensi moja: kwa aliyevunja mkataba, ule ufaulu wa bure umefutwa. Anaweza bado kupiga hodi, na anaweza bado kuuliza maswali yake matano ya kujibiwa kwa neno moja. Ila sasa anayefungua mlango ni mdai wake.

Wanaotaka adhabu yenye meno watakimbilia Geas, tamko la kumfunga mtu kwa agizo, na hapa inafaa kwenda polepole, kwa sababu ndipo wahusika wengi hufa bila kukusudiwa. Geas ni tamko la daraja la 5, linachukua dakika 1, na linadumu siku 30. Aliyefungwa nalo akitenda kinyume cha agizo anapata pigo la akili la dadu tano za pande 10, si zaidi ya mara moja kwa siku. Wastani wake ni 27.5. Sasa pima kwa waloki mwenye Constitution (uimara wa mwili) 14 anayechukua wastani wa kitabu kila akipanda ngazi:

Ngazi ya 1 ana pointi 10 za uhai. Pigo la 27 linamshusha hadi sifuri na kubakisha 17, na kwa kuwa ziada hiyo inazidi uhai wake wote, amekufa papo hapo, bila mitupo ya kupigania roho.
Ngazi ya 3 ana 24. Kwa wastani anazimia, na dadu zikikaribia kilele cha 50 anakufa.
Ngazi ya 5 ana 38. Kwa wastani anabaki wima na pointi 11 hivi, na hata 50 kamili haitamuua moja kwa moja.

Kwa hiyo Geas isimguse mhusika aliye chini ya ngazi ya 5. Zingatia pia kwamba waloki ana ustadi wa kujinusuru kwa Wisdom (busara), hivyo anaweza kulikwepa akishambuliwa nalo njiani. Mahali pake sahihi ni siku ya kutia sahihi. Kanuni za 2024 zinamruhusu mtu kuchagua kushindwa mtupo bila kutupa dadu, na hiyo ndiyo sahihi yenyewe: mchezaji anatamka kwamba anakubali, na wakala wa mfadhili, kasisi au mchawi wa ngazi ya 9 kwenda juu, anamfunga. Likifanywa kwa nafasi ya daraja la 7 au la 8 linadumu mwaka 1, na kwa daraja la 9 mpaka liondolewe. Kuliondoa kunahitaji Remove Curse, Greater Restoration au Wish. Remove Curse ni la daraja la 3 tu na liko kwenye orodha ya waloki mwenyewe, kwa hiyo kama mnataka kifungo kiwe na meno, kubalianeni mapema kwamba kufungua kwa Remove Curse ndiko kuvunja mkataba kwenyewe.

Kuhusu kifungu cha kuandika, kiwekwe kwenye kikao cha maandalizi, kabla dadu hazijatupwa, na kisizidi nusu ukurasa. Kieleze huduma gani inadaiwa na kila baada ya muda gani. Kieleze ni tendo lipi linahesabika kuwa uvunjaji, kwa maneno ambayo mtu mwingine mezani akiyasoma atafikia uamuzi uleule. Na kieleze njia ya kulipa deni, kwa sababu mkataba usiolipika unamfanya mchezaji aache kujali. Epuka sharti la kumlazimisha awasaliti wenzake. Linaonekana tamu kwenye karatasi, lakini mezani linamweka mtu kwenye kona ambayo kila upande anapoteza, na linawaingiza wengine kwenye mkataba ambao hawakuutia sahihi.

Adhabu ipande kwa hatua. Kosa la kwanza, zima uwezo mmoja wa tawi mpaka huduma ilipwe, usiguse nafasi za uchawi. Kwa tawi la Fiend kinachofaa ni ile baraka ya kupata uhai wa muda kila ukimwangusha adui: kwa waloki wetu wa ngazi ya 5 ni pointi 9 kila mara, anazikumbuka haraka zinapokosekana, na bado anaweza kupigana. Kosa la pili, funga ngazi. Hatapanda tena kama waloki, ila anaweza kuanza fani nyingine kama meza yenu inaruhusu kuchanganya. Mwelekeze kwa mwimbaji-mchawi wa bard au kwa sorcerer (mchawi wa kuzaliwa), kwa kuwa zote zinategemea Charisma na zinahitaji 13 tu, na nafasi zake mbili za daraja la 3 zitaendelea kutumika kwa matamko ya fani mpya. Akienda kwa mchawi wa vitabu (wizard) huku yeye ana Intelligence 10, atakwama mlangoni.

Hatua ya tatu ni wakusanya madeni, na hapa msipitilize. Kwa kundi la wanne wa ngazi ya 5, mashetani wawili wa bearded devil ni kipimo kizuri: kwa hesabu ya 2014 ni pointi 700 za uzoefu kila mmoja, jumla 1,400, ukizidisha kwa 1.5 kwa kuwa ni wawili unapata 2,100, juu kidogo ya 2,000 ambayo ndiyo mwanzo wa pambano la wastani. Ndevu zao zina sumu inayozuia mtu kuponywa, na jeraha la mkuki wao linaendelea kuvuja damu, kwa hiyo hata wakishindwa wanaacha ujumbe.

Kwa anayetaka kumkimbia mfadhili mmoja aende kwa mwingine, Tasha's Cauldron of Everything ya 2020 ina kanuni inayofaa: kwa idhini ya mwendesha mchezo, mhusika anabadilisha tawi anapofika ngazi ambayo angepata uwezo mpya wa tawi, na uwezo wote wa zamani unabadilishwa na wa tawi jipya. Kwa waloki ngazi hizo ni 6, 10 na 14. Kuhama kutoka Fiend kwenda Celestial, tawi lililoingia na Xanathar's Guide to Everything mwaka 2017 na sasa limo kwenye kitabu cha 2024, ni hadithi ya kutubu iliyo tayari. Kinachosahaulika ni matamko. Kwenye 2014 orodha ya mfadhili inaongeza tu chaguo, na ulichochagua kinakaa kwenye hesabu yako ya kawaida. Waloki akihama, kila tamko lililotoka kwenye orodha ya Fiend pekee libadilishwe siku hiyohiyo. Vinginevyo mtu wa nuru anaendelea kurusha Fireball ya jehanamu mpaka apande ngazi, tena akibadilisha moja moja. Xanathar's pia ina majedwali ya tabia ya mfadhili, masharti maalumu na alama ya mkataba mwilini. Ni ya ladha tu, hayana adhabu, lakini yanasaidia sana kuandika ile nusu ukurasa.

Kwa tathmini ya jumla, kama kitabu cha kujengea mhusika, fani hii inastahili nyota 4 kati ya 5 kwenye toleo la 2024. Kama kitabu cha mkataba, nyota 2 kwa toleo hilo na 3 kwa la 2014, ambalo maandishi yake bado yana kamba za kuvuta. Meza inayocheza hadithi nzito ya deni na usaliti ibaki na 2014. Meza ya wapya ichukue 2024 na iongeze kifungu chake.

Kabla ya kulipa dola 49.99 pamoja na usafirishaji, pakua kwanza kanuni za bure. SRD 5.1, hati ya kanuni za msingi, imekuwa chini ya leseni ya Creative Commons tangu Januari 2023, na SRD 5.2, inayofuata kanuni za 2024, ilitoka Aprili 2025. Zote zina waloki na mfadhili mmoja, Fiend, na zina Geas na Contact Other Plane nzima nzima. Leseni hiyo inaruhusu hata kuzitafsiri na kuzichapisha mradi utaje chanzo. Kinachokosekana humo ni yale maelezo ya fundi na mwanagenzi, kwa hiyo anayetaka kusoma mstari kwa mstari kuhusu mfadhili atahitaji kitabu chenyewe.